Barua Mbili za Mpiga Pasi

Barua zote mbili zilitoka hospitali moja. Ya kwanza ilisema ngozi ya mpiga pasi wetu inakakamaa. Ya pili ilisema misuli yake imevimba na kuishiwa nguvu, hasa ya mapaja.

"Mwezi jana ngozi, leo misuli," nilimwambia. "Ugonjwa wako umezaa?"

"Yote mawili ninayo, dada. Daktari anasema yameingiliana."

Uso wake ulikuwa laini, unang'aa, hauna kunyanzi hata moja. Mgonjwa gani huyo? Asubuhi nilikuwa nimemwomba Mungu anifumbue macho nimtambue mwongo, maana meneja wa dobi letu alitaka nimpe jina la mfanyakazi mmoja wa kupunguzwa kazini. Niliona Mungu amenijibu upesi. Jina lake nilikuwa nimeshaliandika.

"Lete mkono."

Akaunyosha, lakini vidole vilibaki vimekunjika. Nikaifinya ngozi ya kidole cha kati ili niivute juu, kama mtu anavyojaribu kitambaa dukani. Haikuinuka. Nikafinya tena, safari hii kwa kucha. Ilikuwa ngumu, imegandamana na mfupa, kama kola iliyotiwa wanga kupita kiasi.

Nikafinya ngozi yangu mwenyewe. Ikainuka.

"Unaniumiza, dada," alisema taratibu.

Nikamwachia. Nikamvutia kiti changu.

"Kaa kwanza. Kaa tuzungumze."

Alikitazama kile kiti kifupi, kisha akanitazama mimi kwa muda mrefu, kana kwamba sasa ni zamu yake kunishuku.

"Nikikaa," aliuliza, "utaniinua?"