Kindi Aanzia Alikoishia Fisi

Fisi alimpora Kindi karanga zake, akazichanganya na za kwake, kisha akatamba mbele ya wanyama: “Kindi, karanga zako nimeziongeza zikawa mara mbili, halafu nikatia sita nyingine. Sasa ni ishirini. Zako zilikuwa ngapi? Ukikosea, zote zangu!”

Kindi akamsogelea mpaka puani. “Naanzia ulikoishia. Toa zile sita.”

Zikabaki kumi na nne.

“Wewe ulizidisha kwa mbili, mimi nagawa kwa mbili. Zangu saba. Zilete!”

Wanyama wakashangilia. Fisi akafoka, “Nani kakufundisha?”

“Wewe! Umejisifu kwa kila hatua uliyopiga ukiniibia. Nami nimezirudia zote kinyumenyume, mpaka nikafika kwenye karanga zangu.”