Kabla ya Jumatatu

Mwinyihija alijua polisi watamfuata Ijumaa, maana anayekamatwa Ijumaa hulala ndani mpaka Jumatatu, na Jumamosi ndiyo siku ya kumwozesha binti yake. Mdogo wake Mbaruku, waliyegombania naye mpaka wa shamba la marehemu baba yao, alikuwa amemshitaki kwamba kamtishia kwa panga. Basi Ijumaa asubuhi Mwinyihija alijipeleka mwenyewe mbele ya jaji kuomba dhamana.

"Hujakamatwa, mzee. Dhamana ya nini?"

"Mheshimiwa, nikishakamatwa, nani atamwozesha mwanangu? Akishaolewa, hata wanifunge kamba ya mbuzi."

Jaji alijizuia kucheka, akampa dhamana: asikamatwe, ila Jumatatu aende kituoni akahojiwe.

Askari wawili waliokuwa wakimsubiri mlangoni waliisoma karatasi ile mara mbili.

"Haya mzee, nenda kale pilau."

Mwinyihija aliikunja karatasi, akatoka. Nje, Mbaruku alikuwa amejibanza ukutani, anatazama chini.

"Wewe! Shahidi wa pili wa ndoa hatujampata," Mwinyihija alimwambia. Akapangusa vumbi kiti cha nyuma cha baiskeli yake, akaishikilia wima, akangoja.