Jibu la Fundi Saa

Mteja alibisha hodi mpaka akachoka, na fundi saa hakuinua kichwa. Mkewe ndiye aliyekwenda kufungua. Akapokea saa ya mezani iliyosimama, akaomba radhi kwa niaba ya mumewe.

Tangu arudi kutoka vitani alikuwa hivyo. Zamani alikuwa mtu wa maneno, hata saa mbovu aligombana nayo. Sasa kila aliloambiwa alitikisa kichwa, akasema sawa. Ungemwambia paa limeondoka na upepo, angesema sawa. Wala saa hakuziweka tena sikioni. Aliziegemeza kwenye taya, macho kayafumba. Majirani walisema vita vimemla moyo, na mkewe alianza kuamini.

Siku aliporudi aliuliza mtoto wao yuko wapi. Mke akajibu yuko kwa bibi yake. Ulimi ulijisemea wenyewe. Sasa mama mkwe alikuwa njiani, na jioni hiyo angeshuka garini peke yake. Ilibidi mume ajue mapema, hapa nyumbani, si kituoni mbele za watu.

Alisimama nyuma ya kiti chake. Hakuthubutu kumtazama usoni.

"Mume wangu, mtoto hatunaye. Homa ilimchukua mwaka wa pili wa vita. Tulimzika mimi na mama yako. Sikukuandikia, niliogopa habari hiyo itakumaliza."

Fundi alikaza skrubu ya mwisho, akaiegemeza saa kwenye taya, akasubiri.

"Sawa," alisema.

Mke alingoja kilio, matusi, hata kofi. Hakikuja kitu. Mumewe alichukua kitambaa, akaanza kufuta kioo cha saa taratibu, kama mtu asiye na msiba duniani. Basi ni kweli, mke aliwaza, nimerudishiwa gamba tu. Alimchukia. Alikuwa amemlilia mtoto yule peke yake, na angeendelea kumlilia peke yake.

Akamshika bega kwa nguvu.

Fundi aliruka, bisibisi ikaanguka sakafuni. Aligeuka, akayaona machozi, uso wake ukajaa hofu.

"Kumbe uko hapa," alisema, kwa sauti kubwa mno kwa chumba kile. "Unalia nini? Niambie polepole, mke wangu, niione midomo yako. Nilikuficha, nisikutie huzuni. Masikio yangu hayakurudi."