Mbwa wa Uani

Imelda alipasua boksi kwa ufunguo, palepale kwenye ofisi ya mizigo mtaa wa Sanyuanli, Guangzhou, China. Kitabu chake kipya cha watoto kilikuwa bado kinanuka wino. Jaladani, mama mwenye mabawa alipaa juu ya mawingu, kama kwenye vile viwili vya mwanzo.

"Nisomee mwisho," binti yake alidai kwenye simu ya video, kutoka Moshi.

Tangu kitabu cha kwanza walikuwa wamekubaliana: mama wa hadithini atatua nyumbani siku mama wa kweli atakapokata tiketi. Lakini mhariri alitaka mwisho wa furaha, na Imelda akampa. Tiketi hakukata. Asubuhi hii tu alikuwa amemkubalia profesa wake kubaki Guangzhou miaka mingine minne.

Ukurasa wa mwisho ulikuwa umenata. Akaubandua kwa ukucha.

"Mama akatua uani," akasoma, "mabawa yamelowa mvua."

Simu ilitupwa kitandani, ikabaki inaonyesha dari.

"Subiri," Imelda alisema. "Mwanangu, subiri kwanza."

Sauti ya mtoto ikasikika kutoka uani, inahema:

"Bibi! Leo usiku usimfungulie mbwa. Hajawahi kumwona mama!"