Paa la Chumba cha Sikudhani

Jembe la kwanza lilitoboa paa wakati Sikudhani akimnywesha mama yake uji. Udongo ukaangukia kwenye kata. Jembe la pili likafuata, na jua likaingia pembeni ambapo halikuwahi kufika tangu tembe lile, nyumba ya paa bapa la udongo, lijengwe.

"Tokeni nje," sauti ilisema kutoka juu. "Amri ya akida."

Sikudhani alimfunika mama yake, Bi Tabu, kwa ngozi ya ng'ombe, kisha akatoka. Vibarua walikuwa juu ya paa wakiling'oa. Chini alisimama Akida Hassani na kanzu yake nyeupe, askari ubavuni.

Nyumba ilikuwa ya akida. Sikudhani alipanga chumba humo alipofika Dodoma kutoka Kondoa, wakati hapakuwa na reli wala mtu aliyepatamani mahali hapo. Garimoshi lilipofika, akida akataka nyumba yote iwe ghala la ngozi. Alimshtaki Sikudhani katika baraza lake mwenyewe, akaketi kuamua kesi yake mwenyewe, akajipa ushindi. Sikudhani akakata rufani bomani, kwa Bwana Shauri wa Kidachi, Mjerumani aliyesimamia wilaya. Rufani ikapokelewa.

"Shauri langu liko bomani," Sikudhani alisema. "Bado halijasikilizwa."

"Likisikilizwa utaitwa," akida alijibu. "Popote utakapokuwa."

Vibarua wakacheka. Sikudhani akainama, akaokota bonge la udongo wa paa lake, akamtandika nalo akida kifuani. Kicheko kikakatika. Askari akamkamata mkono, akaupinda mpaka akapiga magoti.

"Mfunge kamba," akida alisema huku akijipangusa.

"Nifunge. Lakini mama yangu hatoki. Kama wewe ni mwanamume, ingia ukambebe."

Akida alimtazama askari. Askari alitazama chini. Bi Tabu alikuwa akikohoa damu tangu mavuno, na mtaa mzima ulijua. Hakuna aliyeingia.

"Endeleeni na paa," akida alisema.

Matonya, jirani Mgogo aliyefuga mbuzi ng'ambo ya njia, aliyaona yote. Aliwaacha mbuzi wake wazagae, akakimbia bomani. Alimkuta Bwana Shauri anafungiwa mizigo ya safari ya Kilimatinde. Walinzi walimpiga vitako vya bunduki, lakini alipiga kelele mpaka akasikilizwa.

Bwana Shauri alipofika juu ya nyumbu wake, chumba kilikuwa wazi kabisa. Boriti zilikuwa zimelundikwa njiani. Ndani, kati ya kuta nne, Bi Tabu alilala akitazama mbingu.

Mdachi alishuka, uso umemwiva. Kiswahili alikijua.

"Rufani ya mwanamke huyu iko mezani kwangu, nawe unavunja?"

"Bwana mkubwa, nyumba ni ya..."

"Sikukuuliza nyumba ni ya nani. Nani aliyekuruhusu kutangulia mbele ya hukumu yangu?"

Akida alitetemeka mbele ya watu aliowatetemesha miaka yote. Sikudhani, kamba mikononi, hakumwondolea macho.

"Mfungueni," Bwana Shauri aliamuru. Kisha akapaza sauti ili mtaa wote usikie. "Mpaka nitakapoamua rufani, mwanamke huyu hatatolewa chumbani mwake. Si na akida, si na mtu yeyote."

Wanawake wakapiga vigelegele. Sikudhani, ambaye hakulia alipopindwa mkono, sasa alilia. Aliingia ndani akamkumbatia mama yake, akamwambia kwa Kirangi, lugha ya kwao, kwamba wameshinda.

Nje, Matonya aliwaita wenzake. Walishika boriti kubwa, wakaiinua hadi mabegani, wakaanza kuipandisha ukutani.

"Wekeni chini," Bwana Shauri alisema.

Matonya alidhani hakusikia vizuri. "Bwana, tunamrudishia paa lake."

"Rufani haijaamuliwa. Kila kitu kitabaki kama nilivyokikuta. Atakayegusa boriti hata moja, awe akida, awe wewe, atachapwa kiboko."

Alimwacha askari mmoja alinde rundo la boriti, akapanda nyumbu wake. Sikudhani alitoka mbio, akashika hatamu.

"Bwana, utaamua lini?"

"Nikirudi kutoka Kilimatinde," alijibu, akizitoa hatamu taratibu mkononi mwake. "Mvua zikiisha."