Sentensi ya Hester

Wote wanaijua, hakuna aliyewahi kuisikia: ni nini? Ni sentensi ya mwisho ya mchezo. Waigizaji wa Uingereza wana mwiko wa kuitamka kwenye mazoezi. Huiweka mpaka siku ya ufunguzi, ukumbi ukiwa umejaa watu.

Safari hii sentensi hiyo ilikuwa ya Hester. Maisha yake yote jukwaani alikuwa mpishi, mjane, muuguzi. Kwenye sinema alifungulia wageni mlango, basi.

Jioni ya ufunguzi, aproni tayari iko kiunoni, mwongozaji alimfuata chumba cha kujipodoa.

"Bi Hester, ile sentensi nimempa binti wetu wa sinema. Watu wamemfuata yeye. Wewe weka chai, utoke."

"Nitoke na sinia au niliache?"

"Liache. Na usininunie, mama."

"Ninune na poda yote hii? Si itapasuka."

Sasa mchezo ulikuwa umefika mwisho. Hester aliweka sinia mezani. Kikombe kilitetemeka juu ya kisahani, akakituliza kwa kidole. Nyuma yake mlango ulikuwa wazi, na kando ya pazia mwongozaji alimpungia mkono: toka, toka. Binti wa sinema alikuwa anavuta pumzi.

Hester aliufunga mlango. Akavuta kiti cha bwana mwenye nyumba, akaketi, akajimiminia chai.

Akanywa funda moja bila haraka, akawageukia watazamaji, akafungua kinywa.