Mkono Waliouacha

Uligeuza uso. Usikatae. Jumamosi ile ulikuwa pale chemchemini, ukainama kusugua ndoo yako kwa mchanga, ndoo ambayo tayari ilikuwa safi, huku mtu anavunjwa hatua kumi kutoka mgongoni pako.

Aliyevunjwa ni Ndalahwa. Huu ni mwaka wa sita tangu atoke Shinyanga na ng'ombe wake kuja huku nyuma ya Mwazye, na bado anaitwa mtu wa kuja. Watu wa kuja huchota maji chini, ng'ombe wanapokanyaga. Wazaliwa huchota juu, penye jiwe. Sheria hiyo haijaandikwa popote. Kila mtoto anaijua.

Aliyemvunja ni Isdori. Unamjua. Alikuwa karani wa ghala la ushirika. Ushirika ulipokufa na kila kitu kikawa ruksa, yeye akatokea na lori. Sasa analitaka bonde la Ndalahwa alime maharage ya kuuza Zambia. Mwaka mzima anamwambia ahame. Ndalahwa hahami.

Ijumaa, siku moja kabla, Ndalahwa alirudi nyumbani anacheka peke yake.

"Minza! Mke wangu! Leo tumekuwa watu!"

Isdori mwenyewe alikuwa amemwita kilabuni, akamkalisha penye chungu cha pombe ya kimpumu, akampa mrija. Chungu kimoja na wazaliwa! Miaka sita hakuna aliyekubali kunyonya pombe chungu kimoja naye. Kisha Wilibrodi, mtendaji wa kijiji, akatoa karatasi na pedi ya wino.

"Weka dole hapa, mzee. Kuanzia leo wewe ni wa kwetu."

Ndalahwa hajui kusoma. Aliweka dole gumba la kushoto, watu wakapiga makofi. Usiku ule alikataa kulinawa.

Asubuhi Minza akachukua ndoo, akaenda kuchota juu. Kwa nini asiende?

Isdori alikuwa ameshafika, na vijana watatu wenye marungu.

"We mama, nani kakutuma huku juu?"

"Si mlitukubali jana?"

"Eti tuliwakubali!" Wakacheka mpaka wakashikana mabega. Isdori akaipiga ndoo teke, kisha akampiga Minza kofi lililomkalisha kwenye matope.

Ndalahwa alisikia kilio, akaja mbio mikono mitupu. Rungu la kwanza lilimpata mdomoni. Meno mawili yakabaki pale penye jiwe. La pili likamlaza. Isdori akapanda juu ya mkono wake wa kulia kwa buti, akajizungusha kama anazima sigara, mpaka mfupa ukalia. Kijana mmoja akauvuta ule wa kushoto naye apate kukanyaga.

"Huo muuache," Isdori alisema. "Huo una kazi."

Halafu akamwinamia Ndalahwa sikioni. "Nasafiri. Nikirudi Jumapili ya wiki ijayo nikikukuta, nachoma nyumba na nyie mkiwa ndani."

Watu walikuwa kama ishirini. Ni Zita peke yake, mzaliwa, jirani yao, aliyetupa ndoo yake na kumsaidia Minza kumbeba. Jumatatu wakampakia kwenye baiskeli ya Zita, mmoja akisukuma, mwingine akimshikilia asidondoke, mpaka kituo cha polisi. Walitaka vitu viwili: PF3, maana bila fomu hiyo hospitali isingemgusa, na Isdori ashikwe kabla ya Jumapili.

"Shikamoo, afande," alisema Minza, akaeleza yaliyotokea na nani kayafanya.

"Marahaba. Isdori huyu mwenye lori?" Askari akavuta droo. "Huyu ana dhamana."

"Dhamana gani? Hata hajakamatwa!" Zita aliruka.

"Dhamana imemtangulia, mama. Imeandikwa Ijumaa."

"Kapiga Jumamosi!"

"Mimi nasoma kilichoandikwa." Akakohoa, akasoma. "'Najitoa kwa hiari yangu kumdhamini Isdori kwa ugomvi wowote utakaotokea kijijini. Akikosekana, nishikwe mimi badala yake.' Dole gumba. Muhuri wa mtendaji."

"Basi mwiteni Isdori aje."

"Nimwite wapi? Lori lake lilivuka Zambia jana."

Minza aliipiga meza kwa viganja vyote viwili. Shavu lake lilikuwa bado limevimba.

"Karatasi si inasema akikosekana ashikwe mdhamini? Basi mshikeni huyo mdhamini! Mwekeni ndani leo hii, naye aonje!"

"Una uhakika, mama?"

"Mshikeni!"

Askari akainuka na karatasi yake, akaizunguka meza mpaka alipokalishwa Ndalahwa. Aliupita mkono uliovunjika bila kuutazama, akaushika ule wa kushoto, akalisogeza dole gumba kwenye mwanga wa dirisha, kando ya ile alama. Chini ya ukucha wino ulikuwa bado zambarau.

Akachomoa pingu.

Leo Ijumaa. Ndalahwa bado yuko ndani, mkono uliovunjika unanuka, na Minza na watoto wako peke yao bondeni. Jumapili ni keshokutwa. Weka hiyo ndoo chini. Nenda kituoni ukaseme ulichokiona.